Uso wa Msardinia, Sauti ya Msisilia: Habari za Tiberio Murgia katika Sinema ya Italia

Katika kila nchi yenye sinema wako wachezaji ambao majina yao hayaandikwi kwa herufi kubwa juu ya mlango wa jumba la sinema, na hata hivyo nyuso zao zajulikana na kila mtu. Waitaliano humwita mchezaji wa namna hiyo caratterista, yaani mtu ambaye kazi yake si kuwa shujaa wa hadithi, bali kuleta mbele ya watazamaji tabia moja iliyo wazi: bahili, mlafi, mwenye wivu, askari mwenye kiburi. Hutokea kwa dakika chache, akatimiza lake, akaondoka. Na mara nyingi ni yeye anayekumbukwa. Mmoja wa watu hao alikuwa Tiberio Murgia, aliyezaliwa Oristano, katika kisiwa cha Sardinia, tarehe 5 Februari 1929, akafa tarehe 20 Agosti 2010. Alionekana katika filamu zaidi ya 100. Kwa kizazi kizima cha Waitaliano yeye ndiye aliyekuwa mfano wa Msisilia: mwembamba, mwenye nywele nyeusi na masharubu, mkavu wa uso, mlinzi mkali wa heshima ya nyumba yake. Lakini Murgia hakuwa Msisilia, wala lafudhi ya Kisisilia iliyosikika kinywani mwake haikuwa yake. Sauti ilikuwa ya mtu mwingine.

Jambo hili laweza kudhaniwa kuwa mzaha tu wa watu wa sinema. Kwa mjuzi wa lugha si mzaha. Lafudhi ni alama ya asili ya mtu, nayo humtambulisha kabla hajataja jina lake wala la baba yake. Imekuwaje, basi, hata taifa zima likakubali kwa furaha kuwa mtu huyu ni wa kisiwa kisicho chake, na kwamba maneno asiyoyatamka ni maneno yake? Jibu halimo katika maisha ya Murgia peke yake. Limo pia katika historia ya lugha ya Kiitaliano, katika namna filamu zilivyotengenezwa Roma, na katika desturi ya kale ya michezo ya kuigiza ya nchi ile.

Yafaa kuanza na lugha. Italia ilipounganishwa kuwa dola moja mwaka 1861, lugha iitwayo leo Kiitaliano ilikuwa zaidi lugha ya vitabu, yenye msingi wake katika Kitoskana cha mji wa Florence. Tullio De Mauro, katika kitabu chake cha mwaka 1963 juu ya historia ya lugha ya Italia iliyoungana, alikadiria kwamba wakati ule waliokuwa wakiijua lugha hiyo hawakuzidi watu 2 na nusu katika kila 100. Baadaye, mwaka 1982, Arrigo Castellani aliipandisha hesabu hiyo hata ikakaribia watu 10 katika kila 100. Hata tukichukua hesabu iliyo kubwa, wengi walisalia na lahaja zao, na nyingi za lahaja hizo si matawi ya Kiitaliano, bali ni ndugu zake, kila moja ikiwa imeshuka yenyewe kutoka Kilatini. Msomaji wa Kiswahili hatakiona kisa hiki kuwa kigeni, kwa kuwa ajua jinsi Kiunguja kilivyochukuliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu, na Kimvita na Kiamu vikabaki na watu wake na ushairi wake.

Kati ya ndugu hao wa Kiitaliano, Kisardinia ndicho kilicho mbali kabisa. Mfano mmoja watosha. Neno dogo linalotangulia nomino ili kuonyesha kuwa yatajwa kitu kijulikanacho, Kiitaliano na Kisisilia hulipata kutoka neno la Kilatini ille. Kisardinia hulipata kutoka ipse, kikasema su na sa pale wengine wanaposema il na la, au lu na la. Na Msardinia asemapo Kiitaliano, hutambulikana upesi kwa jinsi anavyozikaza konsonanti. Kwa hiyo mtu wa Oristano na mtu wa Palermo, ijapokuwa wote wawili ni watu wa visiwa vya kusini na wote wawili huonwa na watu wa Milano kuwa wageni, hawafanani hata kidogo kwa matamko. Anayewachanganya hao wawili huwachanganya kwa macho, si kwa masikio.

Murgia alizaliwa katika umaskini. Alifanya kazi za mikono tangu utotoni, akajiunga na vijana wa chama cha Kikomunisti katika mji wake, kisha akaihama Sardinia kutafuta riziki. Njia aliyoifuata ilikuwa njia ya maelfu. Mwezi wa Juni 1946 serikali ya Italia ilipatana na ile ya Ubelgiji kupeleka watu wa kuchimba makaa ya mawe, nayo Italia iuziwe makaa. Hesabu iliyotajwa katika mapatano ilikuwa watu 50,000. Murgia akaenda Marcinelle, kwenye mashimo ya Wabelgiji. Huko ndiko, tarehe 8 Agosti 1956, moto ulipowaka katika mgodi wa Bois du Cazier, wakafa watu 262, na 136 kati yao walikuwa Waitaliano. Murgia, kwa masimulizi yake mwenyewe, hakushuka shimoni siku ile. Baada ya hapo alirudi Italia, akapata kazi ya kuosha vyombo katika mkahawa mmoja wa Roma. Hapo uso wake ulionwa na watu waliokuwa wakifanya kazi na Mario Monicelli, mwongozaji wa filamu, aliyekuwa akitafuta Msisilia.

Filamu ile ilikuwa I soliti ignoti, iliyotolewa mwaka 1958. Jina lake lina maana ya watu wale wale wasiojulikana, maneno ambayo polisi na magazeti ya Italia huyatumia wizi unapotokea na mwizi asipatikane. Hadithi ni ya maskini wa Roma wanaotaka kuvunja ukuta wa nyumba isiyo na watu ili waifikie kasha ya fedha ya nyumba ya rehani iliyo upande wa pili. Ukuta wanaouvunja si wenyewe. Wanajikuta jikoni mwa nyumba ile ile, na usiku wao wa wizi waishia katika kula tambi na dengu walizozikuta chunguni. Murgia alipewa nafasi ya Michele Nicosia, Msisilia anayemfungia dada yake ndani ya nyumba asije akaonekana na wanaume kabla ya kuolewa. Wenzake walimwita Ferribotte.

Lakabu hiyo yenyewe yastahili kutazamwa. Ni neno la Kiingereza la chombo cha kuvushia watu na magari, lililoingia katika vinywa vya Wasisilia na kugeuzwa kwa mujibu wa matamko yao, likiwa jina la meli zinazovuka mlango wa bahari wa Messina kwenda bara. Ndivyo na Waswahili walivyolichukua neno hilo hilo wakapata feri. Kwa hiyo kumwita mtu Ferribotte katika mji wa Roma ilikuwa kumkumbusha kila mara kwamba amevuka maji, kwamba ni wa kuja. Waandishi wa filamu hii, Age na Scarpelli, Suso Cecchi D'Amico na Monicelli mwenyewe, waliweka katika neno moja habari yote ya uhamiaji wa miaka ile. Na hapa pana kejeli ambayo watazamaji hawakuijua: aliyebeba lakabu ile kweli alikuwa amevuka bahari, ila bahari nyingine.

Jinsi ilivyowezekana Msardinia kuwa Msisilia hueleweka tukijua ufundi wa wakati ule. Kwa muda mrefu filamu za Italia zilipigwa picha bila kutegemea sauti iliyosemwa mahali pa kupigia picha. Maneno yalitiwa baadaye, katika chumba maalumu, na mara nyingi si na mchezaji aliyeonekana, bali na mtu mwingine ambaye kazi yake ni kutia sauti. Ufundi huo ulikuwa umepata nguvu tangu siku za Mussolini. Mwaka 1930 serikali yake ilikataza filamu zenye maneno ya lugha za kigeni, na kwa ajili hiyo likainuka tabaka la watu hodari sana wa kutia sauti. Vita vilipokwisha, ustadi huo ulibaki, ukatumika hata kwa filamu za Kiitaliano zenyewe. Ndipo uso na sauti vikawa vitu viwili vinavyoweza kuajiriwa mbalimbali.

Katika I soliti ignoti utengano huo haukumpata Murgia peke yake. Vittorio Gassman, aliyechukua nafasi ya bondia wa Roma mwenye kigugumizi, alizaliwa Genova, na baba yake alikuwa Mjerumani. Carlo Pisacane, mzee mlafi aitwaye Capannelle, asemaye kwa lafudhi ya Bologna, alikuwa mtu wa Napoli; sauti yake nayo ilikuwa ya kutiwa. Claudia Cardinale, aliyekuwa dada wa Ferribotte, alizaliwa Tunisia katika ukoo wa asili ya Sisilia, akakulia katika Kifaransa. Watu wa Italia hawakuisikia sauti yake mwenyewe katika filamu kubwa mpaka Federico Fellini alipomwacha aseme katika filamu ya mwaka 1963 iitwayo 8½. Basi nyumba moja ya Wasisilia iliyoonyeshwa katika filamu ile, yaani kaka na dada, ilikuwa na Msardinia na msichana wa Tunis, na wote wawili walisemewa na wengine. Watazamaji waliamini, wakacheka, na filamu ikapendekezwa kwa tuzo ya Marekani ya filamu bora ya lugha ya kigeni.

Wako wahakiki wanaoona jambo hili kuwa udanganyifu, na hoja yao haikosi nguvu. Miaka kumi tu kabla yake, mwaka 1948, Luchino Visconti alikuwa ametengeneza La terra trema na wavuvi wenyewe wa Aci Trezza, wakisema Kisisilia chao cha pwani, na maandishi ya mwanzo wa filamu yakaeleza kwamba Kiitaliano si lugha ya maskini katika kisiwa kile. Filamu hiyo ilikuwa na ukweli wote unaotakiwa. Lakini watu wa bara hawakuielewa, na wenye biashara walilazimika kuitolea namna nyingine, iliyokatwa na kutiwa Kiitaliano. Hapo ndipo penye shida ya kweli. Lahaja kamili huwafungia nje wasioijua. Kiitaliano safi huwafanya maskini waseme kama vitabu. Sinema ya vichekesho ya miaka ya 1950 ilichagua njia ya kati, nayo ni Kiitaliano kilichopakwa lafudhi: sauti chache zijulikanazo, maneno machache ya kwao, na mwendo wa sentensi unaomkumbusha msikilizaji mahali fulani. Kwa kazi hiyo mwenyeji halisi hakuhitajika. Alihitajika mtu ajuaye kutengeneza lafudhi ambayo Mmilano, Mroma na Mnapoli wote wangeitambua kwa mara moja.

Tena njia hiyo haikuwa mpya. Tangu karne ya 16 Italia ilikuwa na michezo ya vinyago iitwayo commedia dell'arte, ambayo kila kinyago chake kilikuwa na mji wake na lahaja yake: Pantalone, mfanyabiashara wa Venezia, Daktari msomi wa Bologna, Arlecchino, mtumishi atokaye Bergamo, Pulcinella wa Napoli. Mchezaji hakulazimika kuwa mwenyeji wa mji wa kinyago chake. Tristano Martinelli, mmoja wa Arlecchino wa kwanza na mashuhuri kabisa, alitoka nchi ya Mantova. Kinyago kilikuwa mali ya jukwaa, na mchezaji alikivaa maisha yake yote hata jina lake likamezwa nacho. Ukitazama kwa jicho hilo, Capannelle mwenye njaa na lafudhi ya Bologna, na Ferribotte mkali wa heshima, ni vinyago vya kale vilivyovaa koti na kofia. Tofauti ni hii tu, kwamba katika sinema kinyago ni uso wa mtu mwenyewe, nao hauvuliki mchezo ukiisha.

Na haukuvulika. Mwaka 1959 Monicelli alimwita Murgia tena katika La grande guerra, habari za Vita Kuu ya Kwanza, ambamo askari wa pande zote za Italia wanakutana katika handaki moja, kila mmoja na usemi wake. Murgia alikuwa Msisilia. Filamu hiyo ilishiriki Simba wa Dhahabu wa Venezia na filamu moja ya Roberto Rossellini. Muda mfupi baadaye Nanni Loy aliendeleza hadithi ya wezi wale, na Ferribotte akarudi. Zikafuata filamu nyingi, zikiwamo nyingi za haraka na za gharama ndogo, na nafasi ilikuwa ile ile: kaka mwenye wivu, mume mwenye wivu, mwanakijiji wa kusini. Mwaka 1985, ilipotengenezwa filamu ya kuwaonyesha wezi wale miaka mingi baadaye, Murgia alikuwamo bado kwa jina lile lile.

Kinachostahili kusemwa juu ya ustadi wake ni kwamba hakuwa bwege wa kuchekwa. Hakukunja uso wala kurukaruka. Uchekeshaji wake ulitoka katika ukavu: alisimama wima, akatazama, akawa na uzito wa mtu anayelichukua jambo kwa ukamilifu, huku watu wote wakijua kwamba jambo lenyewe halina maana. Uzito huo haukuwa wa kutiwa chumbani. Sauti waliweza kumpa. Utulivu wa mwili ulikuwa wake. Kama alikuwa ameuchukua Oristano au kwenye migodi ya Ubelgiji, hakuna kipimo cha kuonyesha. Lakini anayeitazama filamu bila sauti atauona wote.

Gharama yake, hata hivyo, ilikuwako, na ililipwa na watu watatu. Wa kwanza ni Msisilia. Kaka anayemfungia dada yake alikuwa kichekesho katika nchi ambayo bado sheria yake, katika kifungu cha 587 cha kanuni za jinai za mwaka 1930, ilimpunguzia adhabu mwanamume aliyemwua mke, binti au dada yake kwa ajili ya heshima. Kifungu hicho kilifutwa mwaka 1981 tu. Tena kilikuwa sheria ya Italia yote, si ya Sisilia. Kwa kuiweka aibu hiyo kinywani mwa mtu mwenye lafudhi moja, sinema iliwapa Waitaliano wengine nafasi ya kuicheka kana kwamba si yao. Hiyo ndiyo hatari ya lafudhi iliyogeuzwa kinyago: kosa la nchi nzima hupewa matamko ya jimbo moja.

Wa pili ni Msardinia. Katika orodha ya vinyago vya sinema ya vichekesho Wasisilia, Wanapoli, Waroma na Wamilano walikuwa na mahali pao. Msardinia aliyepata umaarufu mkubwa kati yao aliupata kwa kutokuwa Msardinia. Kisardinia hakikutambuliwa na sheria ya Italia kuwa lugha ya watu wachache yenye haki ya kulindwa mpaka sheria namba 482 ya mwezi wa Desemba 1999. Murgia alikuwa na umri wa miaka 70.

Wa tatu ni Murgia mwenyewe. Wahenga husema mwacha asili ni mtumwa, na mtu aweza kushawishika kuifunga habari yake kwa methali hiyo. Lakini methali yamhusu aachaye. Murgia hakuiacha sauti yake, ila hakuulizwa. Mtu aliyeosha vyombo akaambiwa asimame mbele ya kamera hawezi kulaumiwa kwa kutodai pia aachwe aseme. Akafanya kazi ile kwa uaminifu, ikamlisha kwa miaka mingi, na ilipofika habari ya kufa kwake magazeti ya Italia yaliitangaza kwa lakabu ya Ferribotte. Baada ya hapo Sergio Naitza alitengeneza filamu ya kumbukumbu ya maisha yake, akaligeuza jina la filamu ile ya zamani na kuiita hii L'insolito ignoto, yaani mtu asiyejulikana aliye tofauti na wale wa kila siku.

Kwa wachunguzi wa lugha funzo li wazi, nalo ni la kazi. Filamu za zamani huchukuliwa siku hizi kuwa hazina ya usemi wa watu, na watu huzisikiliza ili kujua jinsi mji fulani ulivyotamka katika mwaka fulani. Kabla ya kuandika katika daftari kwamba hivi ndivyo Msisilia wa mwaka 1958 alivyosema, mchunguzi yampasa kuuliza mambo mawili: sauti hii ni ya nani, na alitengenezewa nani aisikie. Sauti ya Ferribotte haishuhudii matamko ya Messina wala ya Palermo, na ya Oristano haimo kabisa. Inashuhudia kitu kingine, chenye thamani yake: lafudhi ambayo Waitaliano wa majimbo mengine, walipokuwa ndiyo kwanza wanaanza kusikilizana, walikuwa tayari kuiamini.